Siku Tuliyoposa Mtaro

Kila mnaponijia hapa Luzira, wanangu, swali lenu la kwanza ni lile lile: Mama Akello, ulitumia kamera gani? Hamjakaa, hamjaomba hata maji ya kunywa, mmeshauliza kamera. Haya, leo nawajibu kwa maandishi ili mniache nile chakula changu cha mchana kwa amani. Nilitumia nyingi. Nyingine zilikuwa nzito mpaka bega langu la kulia likashuka kuliko la kushoto, na fundi wangu wa nguo hulalamika hadi leo. Lakini kifaa kilichonifaa kuliko vyote katika kutengeneza filamu za maisha ya watu kilikuwa kigoda.

Ndiyo, kigoda. Cha mbao, kifupi, kile cha kukalia jikoni ukimenya matoke. Ukiingia kwa mtu na kamera begani umesimama wima, wewe ni serikali. Ukikaa chini kuliko yeye unakuwa mgeni, na mgeni huletewa chai. Hiyo chai inyweni, hata kama sukari imezidi. Nimewaona ninyi mkikataa, eti muda hautoshi, halafu mnarudi mkilalamika kwamba watu wa Kampala hawasemi ukweli mbele ya kamera. Watasemaje ukweli na mtu aliyekataa chai yao?

Na kabla ya kuwasha chochote, sikilizeni. Kelele za mji huu mmezizoea hadi hamzisikii tena, ila kipaza sauti hakijazoea kitu. Siku moja kule Kisugu nilimrekodi mjane akisimulia jinsi alivyosomesha watoto kwa kuuza maandazi. Alilia, nami nikalia nyuma ya kamera, nikajua leo nimepata. Kufika nyumbani na kusikiliza, lahaula! Kaloli, wale ndege wakubwa wenye shingo tupu, walikuwa juu ya bati lake wakigonganisha midomo mwanzo hadi mwisho. Ikabidi nirudi na kilo ya sukari nimwombe asimulie upya. Akasimulia, lakini mara hii alikuwa akicheka tu, kwa sababu wiki hiyo binti yake alikuwa amefaulu mtihani. Nikatumia ile ya kicheko. Mpaka leo watu hunisimamisha njiani kunisifia sehemu hiyo, nami huitikia tu bila kuwataja kaloli.

Haya yote nilifundishwa na Mzee Otieno, Mungu amlaze pema. Alikuwa Mkenya wa Kisumu aliyekuja Kampala kuuza vipuri vya magari, biashara ikamkataa, akaingia kwenye video za harusi. Alikuwa na chumba kimoja Kawempe, kati ya kinyozi na muuza mkaa, kwa hiyo kanda zake zote zilikuwa na nywele au vumbi jeusi. Nilimwendea nikiwa msichana ninayetafuta kazi yoyote. Mimi nimezaliwa kambini, baba askari magereza kutoka Lango kule kaskazini, Mkatoliki. Mama Mwislamu wa Nile Magharibi. Nyumbani tulikula Krismasi na Idi zote mbili, na lugha ya kupatanisha wote ilikuwa Kiswahili, kile cha gwaride. Mzee Otieno alinisikiliza nikijieleza, akaweka chini kikombe chake.

"Wee msichana, hicho Kiswahili chako ni cha kuamrisha watu," akasema. "Nitakuweka kwa kazi ya kupanga mashangazi wakati wa picha."

Hivyo ndivyo nilivyoanza, kwa kupanga mashangazi. Na kwa vile wengi wenu mmezaliwa mkakuta kila kitu kwenye simu, niwaeleze kidogo. Wakati ule, mtu wa kawaida Kampala aliona kamera ya video siku moja tu: harusini, au kwenye kwanjula. Kwanjula ni ile siku ya Waganda ambapo kijana anapelekwa ukweni kutambulishwa na kuposa. Wanaume huvaa kanzu na koti juu yake, wanawake huvaa gomesi, lile vazi refu la mabega yaliyochongoka na mshipi mpana kiunoni. Kila upande una msemaji wake. Watu wa binti hujifanya hawawajui wageni: ninyi nani, mbona mmechelewa, faini! Wageni nao hujibu kwa maneno matamu na utani, na mambo huenda hivyo mpaka jua linapotua. Mwishoni msemaji wa kijana hutoa jogoo, na jogoo huyo hupewa kaka yake binti. Kaka akishampokea mkononi, basi. Binti ametolewa, na hakuna wa kurudi nyuma.

Mimi mtoto wa Lango niliona ni mchezo mrefu mno. Nilikuwa nikipumzisha betri wakati wa maneno na kuwasha kamera chakula kilipofika. Mzee Otieno alinifokea mara nyingi kwa hilo. "Chakula watu watasahau," alisema. "Maneno ndiyo wanakuja kununua kanda."

Miaka ikapita, nikaacha harusi, nikaajiriwa na shirika dogo lililotengeneza filamu za haki za watu wa kawaida. Nilijiona nimefika. Nikaanza kuvaa fulana yenye mifuko mingi, ile ya wapiga picha, na mifukoni hamkuwa na kitu ila peremende. Ofisi yetu haikuwa na mashine nzuri ya kuhariri, hivyo kazi nyingi nilikuwa bado naifanyia kwa Mzee Otieno, katikati ya nywele na mkaa. Hapo ndipo Nalongo aliponikuta.

Nalongo ni jina la heshima la mama wa mapacha, na huyu sikuwahi kumwita kwa jina jingine. Alikaanga mihogo kando ya barabara Kawempe. Zamani aliwahi kuuza chakula kwenye kambi ya polisi, ndiyo maana alikuwa na Kiswahili, nacho alikitumia bila aibu yoyote. Aliingia siku hiyo na mihogo ya moto ndani ya gazeti, akaiweka mezani juu ya nyaya zangu.

"Mama Akello, wewe nasikia unapiga video ya watu wenye shida."

"Ndiyo, Nalongo."

"Kwetu maji iko inaingia mpaka kitandani. Lakini wakubwa wanakuja kuangalia wakati wa jua. Kila mara jua! Wanasimama pale na viatu safi wanauliza, mbona hapa ni pakavu? Wewe kuja wakati wa mvua."

Nikaenda naye kuona. Nyumba zao zilikuwa bondeni, na bondeni mlipita mtaro mkubwa ulioteremsha maji yote ya mvua kutoka mlimani. Chini ya nyumba hizo tajiri mmoja alikuwa amejenga ghala, na ukuta wa ghala ukakatiza mtaro, ukaacha kitundu cha kupita paka. Mvua ikinyesha maji yanafika ukutani, yanakosa njia, yanageuka na kuwarudia wenye nyumba. Sasa halmashauri ilikuwa inakaribia kukaa na kuamua. Ama ukuta utobolewe maji yapite, ama nyumba za bondeni zivunjwe watu wahame. Injinia wa halmashauri alikuwa ameshaandika ripoti ya kutaka nyumba zivunjwe. Nyumba ya kwanza kupitiwa na tingatinga ingekuwa ya Nalongo, ile aliyoijenga na mumewe kwa kununua matofali machache machache, na mapacha wake walizaliwa ndani yake.

"Wakivunja, mimi nitaenda wapi?" aliniuliza. Hakulia. Aliuliza tu.

Tukakubaliana kwamba mvua ikianza atanipigia simu, nipige video ya kuionyesha halmashauri siku ya kuamua. Halafu nikamwambia maneno niliyokuwa nawaambia watu wote siku zile, kwa fahari ya fulana yangu ya mifuko: "Msibadilishe kitu. Kuweni kama mlivyo. Nataka kuona maisha yenu halisi."

Simu ikaja asubuhi moja mawingu yakiwa meusi tii. Nikafunga kamera ndani ya mfuko wa nailoni, nikarukia bodaboda, nikafika bondeni nimelowa chapachapa. Maji yalikuwa yameshafika magotini. Na ndani ya maji hayo, wanangu, bonde zima lilikuwa limevaa gomesi na kanzu.

Sikuamini macho yangu. Nalongo alisimama mlangoni kwake na gomesi ya zambarau ya hariri, nywele zimesukwa, mkono mmoja umeinua pindo. Ndani, viti vilikuwa vimepandishwa juu ya matofali, na juu ya viti kulikuwa na vile vitambaa vyeupe vya kufuma, vimenyooshwa kwa pasi. Maji yalipita chini yake yakibeba sandali. Mzee Kasule, fundi cherehani wa mtaa ambaye pia alikuwa msemaji wa kwanjula anayesifika Kawempe nzima, alikuwa katikati ya njia na kanzu, koti na kofia, viatu vyake kavitia kwapani.

"Nalongo! Si nilisema msibadilishe kitu?"

"Hatujabadilisha. Maji ndiyo hii. Sisi tumevaa tu."

"Kwani kila mvua ikinyesha mnavaa hivi?"

"Kwani kila mvua ikinyesha unakuja na kamera?" Akaniangalia kwa huruma. "Mama, video inabaki. Mapacha yangu ni wasichana. Wakwe wakija kesho wakaona mama yao ndani ya video na gauni ya kukaangia mihogo, watasema nini?"

Nilipiga picha shingo upande. Nalongo akanipa chai kwenye kikombe na kisahani chake, akiwa ndani ya maji, na mimi kigoda changu kimeelea kimeenda zake. Mzee Kasule akadai zamu yake. Alivaa viatu kwanza, ndani ya maji, ili asionekane bila viatu. Akakohoa na kuanza, kwa Kiganda cha kwanjula chenye mapambo yote, maneno ambayo kwa Kiswahili ni kama haya:

"Waheshimiwa wa halmashauri, sisi ni watu wa bondeni. Tumekuja kwa amani na hatukupotea njia. Tumeona kwenu binti, jina lake Mtaro. Ni mrefu, ni mzuri, anatoka ukoo mkubwa wa mlimani. Lakini mmemfungia nyuma ya ukuta, na kila mvua ikinyesha tunamsikia akilia. Tumekuja kumposa. Na jogoo wa shemeji huyu hapa."

Akamwinua jogoo. Jogoo alikuwa amelowa na ana hasira, akampiga Mzee Kasule bawa la uso. Watu wakacheka mpaka wakashikana. Mimi sikucheka hata kidogo. Niliona filamu yangu ya machozi imegeuka kuwa vichekesho, na nyumba ya Nalongo kama imeshavunjwa tayari.

Msimamizi wangu ofisini aliitazama akiwa amejishika kidevu. "Hawa wanaonekana wana hali nzuri," akasema. "Huna watu wenye shida kidogo?"

Basi nikapiga moyo konde, nikarudi kwa Nalongo, nikamwomba tupige tena mvua nyingine ikija, safari hii na nguo za kawaida. Nilizunguka sana, nikataja wakubwa, nikataja huruma. Aliendelea kugeuza mihogo kwenye mafuta.

"Mama Akello, siku ya kupiga picha ya kitambulisho wewe ulivaa nini?"

Nilikuwa nimevaa blauzi ya shangazi yangu, na hereni za jirani. Nilikula mhogo wangu nikaondoka.

Nikajifungia kwa Mzee Otieno kuhariri. Gomesi sikuwa na la kuzifanya, lakini jogoo nilikuwa nimeshaamua kumkata. Mzee Otieno alikuwa nyuma yangu akitafuna karanga. Nilipoweka mkato mahali pa jogoo, akanishika mkono.

"Wee Akello, unafanya nini?"

"Namtoa huyu jogoo. Watatucheka."

"Kwanjula bila jogoo nimeona moja tu maisha yangu yote, na yule bwana mpaka leo hana bibi. Rudisha jogoo." Kisha akatoka nje, akamwita Nalongo aliyekuwa ng'ambo ya barabara. "Nalongo! Siku ya halmashauri, yule jogoo mwenyewe mje naye. Muweke kwa kikapu, kaa naye karibu."

"Wa nini, mzee?" nikamuuliza.

"Sijui. Lakini nimefanya hii kazi siku mingi. Watu wakianza maneno, huwezi kuwa huna jogoo."

Siku ikafika. Ukumbi wa halmashauri ulijaa, mapazia yakafungwa ili picha ionekane ukutani. Nalongo na wenzake walikaa nyuma wamevaa vile vile. Injinia alikaa mbele na ripoti yake mapajani, kijana mmoja nadhifu wa kutoka Mbarara, tai imenyooka. Mwenyekiti alikuwa mama wa makamo asiyependa mizaha. Nikawasha.

Mwanzoni walicheka, kama nilivyoogopa. Watu na gomesi ndani ya maji! Kisha Nalongo akaonekana akimimina chai, na pindo la gomesi likamponyoka mkononi, hariri ya zambarau ikazama kwenye yale maji meusi, ikaenea. Diwani mmoja mwanamke akaruka kwenye kiti.

"Jamani, hiyo gomesi! Itaharibika!"

"Imeshaharibika," akasema mwingine. "Hariri haifuliwi kwa maji kama hayo."

Nikaangalia huku na huku gizani. Kila mwanamke mle ndani alikuwa na gomesi yake kabatini, anayoifungia na kuitolea siku kubwa tu, na kila mwanamume alikuwa na mama mwenye gomesi. Kicheko kilikuwa kimekatika. Wale watu wangeona tope kwenye gauni la kukaangia mihogo mchana kutwa wasishtuke. Na Mzee Kasule alikuwa anafuata. Akatokea ukutani na kanzu yake, akavaa viatu ndani ya maji, akakohoa, akafungua mdomo.

Umeme ukakatika.

Wanangu, mimi sikuwa na jenereta. Kumbukeni hilo kuliko lile la kigoda. Mapazia yakafunguliwa, watu wakapepesa macho, na mwenyekiti akasema, "Asante sana, tumeona. Sasa tumsikilize injinia." Injinia akasimama na ripoti yake. Nikamtazama Nalongo. Alikuwa amekishika kile kikapu cha jogoo kwa mikono miwili.

Ndipo mtu akakohoa kule nyuma. Mzee Kasule alikuwa amesimama, kofia mkononi.

"Mama mwenyekiti, tulikuwa tumeshafika mlangoni kwenu, nanyi mkazima taa. Hivi ndivyo mnavyopokea wakwe?"

Kisha mzee mmoja diwani, mwenye mvi, akashindwa kujizuia. Naye nadhani alikuwa msemaji kwao.

"Wakwe gani? Mbona hatuwajui? Na mmechelewa! Faini!"

Basi, mlango ukawa umefunguliwa. Mzee Kasule akaanza upya, ukoo, amani, binti aitwaye Mtaro, na kila alipomaliza sentensi madiwani walimrushia swali. Mwenyekiti aligonga meza mara kadhaa, lakini Mganda aliyekulia kwenye kwanjula hawezi kusikia posa akaiacha bila jibu. Mwishowe naye akaegemea mbele.

"Mnasema mnampenda huyu binti. Lakini sisi tunasikia huko bondeni mnamlisha takataka. Mifuko ya plastiki! Maganda! Tuwape binti yetu mkamtese?"

Nikaona Nalongo ameinamisha uso, kwa sababu ilikuwa kweli. Mzee Kasule naye alimeza mate. Lakini msemaji ni msemaji.

"Mama, tulikuwa wachumba tu, hatukuwa na ruhusa ya kumwogesha. Tupeni leo, na kila Jumamosi bonde zima litashuka na majembe kumsafisha. Asiyeshuka atalipa faini kwangu mimi mwenyewe, na mimi ninajulikana."

"Wamesikia wote?" akauliza mwenyekiti.

"Tumesikia!" wakajibu watu wa nyuma kwa sauti moja.

"Haya. Na kaka wa binti ni nani?" akauliza yule mzee mwenye mvi, na kabla hajamaliza, macho yote ya ukumbini yalikuwa yameshageukia kwa injinia.

Nalongo akasimama. Akapita katikati ya viti na ile gomesi yake, doa jeusi likionekana wazi mpaka kiunoni, akapiga magoti mbele ya injinia, akamtoa jogoo kikapuni, akamnyoosha kwa mikono yote miwili. Kamera yangu ilikuwa bado na betri. Nikawasha.

"Mimi ni mtu wa Mbarara," injinia akasema kwa sauti ndogo. "Kwetu hatufanyi hivi."

"Mbarara hamna madada?" mtu akapiga kelele.

"Na hii… hii si hongo?"

"Hongo gani inatolewa mbele ya halmashauri nzima?" akajibu mwenyekiti, na hapo nilimwona anacheka kwa mara ya kwanza. "Swali ni moja, injinia. Huo ukuta unaweza kutobolewa, au hauwezi?"

Kijana wa watu alimtazama Nalongo pale magotini. Akatazama lile doa.

"Unaweza," akasema. "Ni kazi, lakini unaweza."

"Basi pokea jogoo, bwana."

Akampokea. Hakujua hata jinsi ya kumshika, akambana kwapani kama faili, jogoo akamchafua tai, na wanawake wakapiga vigelegele mpaka walinzi wakaingia kuuliza kuna nini. Filamu yangu ilikufa katikati siku ile, na mtaro ukaolewa.

Msidhani ilitosha. Uamuzi uliandikwa ndiyo, ukuta utobolewe, lakini ninyi mnajua maamuzi yanavyopenda kulala. Huu hawakuuacha ulale. Injinia akipita Kawempe, waendesha boda walimwita, "Muko! Shemeji! Dada yako yuko wapi?" Akinunua nyanya sokoni, mama muuza nyanya anamuuliza, "Muko, jogoo umekula, mbona bibi harusi hajafika?" Masikini, jogoo wala hakumla, alimfuga nyumbani, naye akawa anamwamsha alfajiri kila siku. Aliniambia mwenyewe baadaye kwamba alikwenda kwa mwenye ghala mara tatu kwa barua na mara ya nne akaenda na fundi wa kuvunja. Tajiri alikuja kusimamia amenuna, Nalongo akampelekea mihogo, akala akiwa bado amenuna. Na Jumamosi za kusafisha ziliendelea, kwa sababu hakuna aliyetaka kutajwa na Mzee Kasule mbele za watu.

Sasa kuna kipande cha video ambacho huwa nawaonyesha mkija, nanyi huwa mnapiga miayo. Naomba leo niwaeleze ni nini.

Mvua kubwa ya kwanza baada ya ukuta kutobolewa, Nalongo alinipigia simu. Nikafika mchana, bati linapiga kelele hatusikilizani. Safari hii hakuwa na gomesi. Alikuwa na gauni lake la kukaangia mihogo, lina mafuta kifuani, na wala hakuijali kamera. Viti vilikuwa bado juu ya matofali, godoro juu ya meza, mapacha juu ya godoro, maana ndivyo walivyozoea. Nikaweka kigoda changu pembeni, nikaelekeza kamera sakafuni, karibu na mlango, pale maji yalipokuwa yanaanzia kuingia kila mara. Sote tukakaa tukipatazama mahali hapo.

Nje tulisikia mtaro unanguruma, unapita. Tukangoja. Mvua ikazidi, tukangoja. Mmoja wa mapacha akateremka taratibu, akasimama peku pale mlangoni, akakanyaga huku na huku, pakavu. Kisha Nalongo akainuka. Akashika kiti cha kwanza, akakitoa juu ya matofali, akakiweka chini. Akashika cha pili. Akatandika vitambaa vyake vyeupe, akaketi, akajifunika uso kwa mikono, mabega yakawa yanatikisika. Sikumsogelea na kamera. Niliiacha pale pale ilipokuwa, ikitazama sakafu.

Nimepata tuzo katika kazi hii, na nimeonyesha filamu kwenye miji ambayo majina yake siwezi kuyatamka. Lakini kipande nilichokihifadhi katika nyumba tatu tofauti, ili hata moja ikiungua kibaki, ni hicho cha sakafu. Juzi mmoja wenu alikitazama mpaka mwisho, akanigeukia akasema, "Lakini Mama Akello, hapa mbona hakuna kitu?"

Ndiyo, mwanangu. Tazama tena. Mvua yote ile, na hakuna kitu.